Kabla Mtambo wa Zamani Haujazimwa

Mgeni rasmi, meneja wa mitambo ya simu, karibu sana katika kituo chetu cha afya. Tumekupa kiti cha daktari kwa sababu ndicho pekee kisichoyumba. Dereva wetu wa gari la wagonjwa anaomba radhi kwa kutokuja kukupa mkono. Yuko nje kwenye usukani, simu mapajani.

TULIKOTOKA

Sisi ni wakunga sita na dereva mmoja. Mkunga akiwa nyumbani kwa mzazi na mambo yakaharibika, humpigia dereva. Tukiwa hapa kituoni, wenye mgonjwa humpigia yeye, naye hutuita kwa honi. Mwaka wa tatu huu hatujampoteza mama hata mmoja, na hilo tunalisema kifua mbele.

YALIYOTUPATA

Mwezi jana mafundi wenu walizima mtambo wa zamani kwa saa mbili, kujaribu. Saa hizo mwenzetu tunayemwita Dada Haraka alikuwa na mama aliyevuja damu. Akatazama simu yake: mtandao umejaa, vijiti vyote vinne. Akapiga, kimya. Akarudia, kimya.

Akatoka mbio hadi kwa kinyozi jirani, akampokonya simu yake mpya aliyokuwa akitazamia mpira.

"Dada, penalti hiyo," kinyozi akalalamika.

"Watakusimulia," akamjibu huku akibonyeza namba.

Mpira ukaganda, simu ikapita. Mama na mtoto ni wazima. Kinyozi hadi leo anadai penalti yake.

Fundi wenu alitueleza vizuri. Kwenye mtambo mpya sauti hupewa njia yake, video ikasubiri. Simu ya dereva na ile ya kinyozi zinaiweza njia hiyo. Zetu sita hutumia mtambo mpya kwa intaneti tu. Zikitaka kuongea, hurudi kwenye ule wa zamani. Kumbe vile vijiti vinne havikuwa na maana yoyote kwa Dada Haraka.

TUNACHOOMBA

Tangazo lenu linasema mtambo wa zamani unazimwa kabisa Ijumaa. Hatuupingi mpya, tumeiona kazi yake. Simu sita za kisasa tumeshaagiza. Tunaomba siku thelathini tu, na fundi wa kuzijaribu moja moja: mkunga apige, dereva apokee, wasikizane, ndipo mzime.

Mungu akulinde wewe na wa nyumbani kwako, na kila utakayempigia siku ya shida akupokee.

Yule mama ameketi mstari wa pili, mtoto mgongoni. Na ukisikia honi huko nje kabla hujatujibu, utatuona tunainuka. Usituhesabie utovu wa adabu, mgeni wetu, tutakuwa tumeitwa.

Ni sisi,
Wakunga sita na dereva mmoja.