Mwalimu Okochi, Aliyeufuata Mto Malaba kwa Miguu

Mwalimu Yokana Okochi alizaliwa wakati wa palizi mwaka 1908, huko Samia, hatua chache kutoka Mto Sio. Mama yake aliteremka kuchota maji akarudi na mtoto, na mtungi haukumwagika. Ndivyo alivyosimulia mwenyewe, na hakuna aliyethubutu kumbishia.

Alisoma shule ya misheni kuanzia 1918, kisha akahitimu ualimu mwaka 1928.

Januari 1929 alianza kufundisha jiografia karibu na Busia. Shule haikuwa na ramani, basi aliwaomba akina mama majivu ya jikoni, akachora mito uwanjani: Naili, Kongo, Amazoni, Misisipi, Ganji. Kila mtoto alipewa mto autembee toka chanzo hadi baharini huku akitaja miji. Aliyekanyaga nje ya majivu alihesabiwa amezama, akaanza upya. Wengi waliopo hapa leo walizama mara nyingi, tena wanajijua.

Lakini kwa miaka tisa alichora na kufundisha kwamba Mto Malaba, kama jirani yake Sio, unaingia Ziwa Viktoria, yaani Nyanza. Mwaka 1938 Mahmudu, dereva wa lori la pamba kutoka Tororo, alitazama majivu yale akatikisa kichwa.

“Mwalimu, hii maji haiendi Nyanza. Mimi napita huko kila siku. Inakwenda ziwa ya Kyoga.”

Mwalimu alikasirika. Mkaguzi wa shule alitarajiwa mwezi uliofuata, na kosa la namna hiyo lingeweza kumtoa kazini. Hata hivyo alichukua fimbo na unga wa mtama, akaufuata mto kwa miguu siku sita, mpaka akaridhika kwamba Mahmudu alisema kweli.

Jumapili alisimama kanisani baada ya mahubiri. “Nimewafundisha watoto wenu kosa,” alisema. “Malaba unakwenda Kyoga.”

Kisha Mzee Omoding akajibu kutoka nyuma, “Huyu aachiwe watoto wetu. Mwingine angesema mto ndio umekosea.”

Mkaguzi alisimuliwa yote, na Mwalimu akabaki kazini miaka ishirini zaidi. Tunashukuru.

Safari ile ilimpa na mke. Siku ya nne, huko Budama, alifika kwa watu miguu imevimba, binti wa nyumba hiyo, Loy, akampa uji. Aliposikia anachotafuta, alicheka sana: “Wewe nafundisha mto ya dunia yote, hii ya kwetu inakushinda?” Walifunga ndoa tarehe 14 Januari 1939.

Agosti 1958 moyo ulianza kumsumbua, akalazwa Tororo. Wauguzi walimtunza vizuri, Mungu awabariki. Loy alipolia kando ya kitanda, Mwalimu alimshika mkono. “Usilie, mama. Mto Sio wangu unazungukia Nyanza na Naili, Malaba wako unapita huku. Si yote hukutana Kyoga?” Alifariki nyumbani Jumanne, tarehe 3 Machi 1959.

Ameacha mjane, Loy. Watoto Maggie, Mable na Egau. Mdogo wake Maloba, anayesoma maneno haya. Na wanafunzi wasiohesabika.

Majivu ya moto wa matanga, uliowaka hapa uani tangu Jumanne, yamekusanywa. Kaburi likishafukiwa, wanafunzi wake watachora mito kando yake, na Loy ndiye atakayeutembea Malaba. Ameomba asiharakishwe.

Mto Sio umetangulia. Apumzike kwa amani, amngoje Kyoga.