Tuliomba Hukumu, Hatukuomba Ushindi

Ndugu zangu, mnaonifahamu mnajua nikianza kusema sikomi upesi. Nivumilieni.

Mume wangu alipofariki aliniachia shamba la mtama huku Bahi, penye udongo mweusi unaoshika maji. Matanga hayajaisha vizuri, mdogo wake akasema shamba lile ni la baba yao, marehemu aliazimwa tu. Mimi nikasema alipewa moja kwa moja. Aliyekuwapo siku mume wangu alipokabidhiwa shamba na bado yu hai alikuwa mmoja, mama yao, yaani mama mkwe wangu.

Tukapeleka shauri kwa akida, mtu wa serikali huku kwetu. Akaliziba shamba kwa miiba, asilime mtu mpaka aamue. Kisha akawa hapatikani. Leo amekwenda kukusanya kodi, kesho ana wageni. "Njooni mwezi ukiandama," anasema, na mwezi unaandama. Mvua ikanyesha, tukala mboga za porini huku magugu yakineemeka. Mwaka wa pili, vilevile.

Nilimsihi mama mkwe aniambie mimi peke yangu. Akakataa. "Nikikwambia wewe chumbani, nimemtupa mwanangu. Nikimwambia yeye, nimekutupa wewe. Nitasema barazani, mkisikia wote." Kila tulipoitwa alijipaka mafuta, akashika mkongojo, akaenda, akarudi.

Nilijua Mzungu wa serikali, bomani Kilimatinde, anaweza kumhimiza akida. Niliogopa, ndugu zangu. Nilijiambia, ataona namchongea, na mimi mjane nitakimbilia wapi? Mpaka mama akaanza kukohoa usiku kucha. Ndipo shemeji yangu, ambaye hata salamu tulikuwa hatupeani, akaja mlangoni.

"Shemeji, twende wote. Akienda mmoja, ataitwa mwongo."

Tukaenda. Kibuyu kimoja cha maji, ugali mmoja na mlenda, na kununa kwingi. Bomani askari alitucheka: "Mnashitakiana na mnakula chungu kimoja?" Mzungu akauliza kwa mkalimani, kila mmoja anadai nini. Shemeji akajibu, "Hatukuja kuomba ushindi, bwana. Tunaomba hukumu, mama yetu angali hai." Amri ya akida kuamua ikatoka palepale, na askari akafuatana nasi kuipeleka.

Tulipokaribia nyumbani tulisikia vilio.

Shauri lililolala misimu miwili liliisha asubuhi moja. Shahidi hayupo, akida akaligawa shamba katikati. Mwaka ule tulivuna, watoto wangu wakashiba. Namshukuru Mungu. Namshukuru askari yule aliyetembea juani bila kutukaripia, nanyi mlionipa mbegu. Shemeji yangu yule pale nyuma, anajificha. Nikiugua hunipalilia upande wangu.

Lakini nikishika jembe najiuliza shamba hili lilikuwa la nani, naye anajiuliza. Hatutajua. Inaniuma kuliko njaa ile. Nawaambia, shauri lako likikwama, usingoje woga ukutoke. Mwite mnayeshitakiana naye, mwende kwa mkubwa mapema. Sisi hukumu tuliipata, na mama aliyeujua ukweli tulimkuta ameshavikwa sanda, mafuta yake ya barazani yamebaki kichwani pa kitanda.