Usimsifu: Maneno ya Kumuaga Mama wa Dirisha la Tatu

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Mheshimiwa Ofisa Elimu, walimu wakuu, makarani, wazazi wenzangu, na mlinzi wa getini aliyekubali kuniingiza na viatu hivi. Niliandikiwa orodha ndefu ya vyeo, imebaki kwenye koti la kazi. Ambaye sikumtaja ajihesabu ametajwa, tena kwa cheo cha juu kidogo kuliko chake.

Kabla sijaendelea, naomba msipige makofi. Binti yangu yuko pale mstari wa mbele, mwenye gauni la kijani. Akisikia makofi anatoka. Akitoka, na mimi natoka. Mkifurahi, inueni mikono. Msipofurahi, kaeni hivyo hivyo.

Mimi ni kibarua wa zege. Shule niliishia darasa la tatu. Wazazi wamenichagua niwasemee kwa sababu nina sauti, nimezoea kushindana na mashine. Tunamuaga karani aliyekaa dirisha la tatu la ofisi ya elimu miaka ishirini na sita. Sisi tunamwita Mama wa Dirisha la Tatu. Nitaeleza alichonifanyia, na itabidi nieleze na kosa langu, maana bila lile kosa tusingejuana.

Mke wangu alifariki binti yetu akiwa na miaka mitano. Aliniachia neno moja: "Usimwaibishe mtoto wangu mbele za watu." Nikakubali. Nani angekataa?

Mtoto mwenyewe haongei sana. Alipofika miaka minane, shule ikasema haiwezi kukaa naye bila mwalimu msaidizi. Na mwalimu msaidizi hatolewi mpaka mtoto apimwe, waone anahitaji nini. Jirani yangu, fundi cherehani, mwanawe alishapimwa. Nikamwuliza wanauliza nini. Akanitajia: jina, miaka, rangi, mbili na mbili. Akaniambia, "Mfundishe, shemeji, asije akakuangusha."

Nikamfundisha. Wiki tatu, kila nikitoka kazini, hata saruji sijanawa. Jina? Miaka? Rangi? Mbili na mbili? Siku ya kupimwa nilimpaka mafuta mpaka akang'aa. Mpimaji akauliza yale yale, kwa mpangilio ule ule. Mtoto akajibu yote. Nilitoka pale natembea kama mtu aliyejenga ghorofa peke yake.

Barua ikaja: mtoto hahitaji msaada.

Mnaona? Tulifaulu. Wiki mbili baadaye shule ikasema abaki nyumbani.

Nikaenda naye ofisini. Dirisha la kwanza wakanituma la pili. La pili wakaniambia nimshukuru Mungu, mtoto mzima. La tatu alikuwepo huyu mama.

"Baba, tatizo nini?"

"Mtoto wangu hana tatizo," nikamjibu. "Nataka msaada."

Akaniangalia. Akainua kalamu nyekundu, akamwuliza binti yangu, "Hii rangi gani?"

Binti yangu akataja jina lake.

"Unaitwa nani?"

"Miaka minane."

"Una miaka mingapi?"

"Bluu."

Foleni yote ikacheka. Yeye hakucheka. Akaweka kalamu chini.

"Nani kamfundisha?"

"Mimi."

"Umefundisha vizuri, baba. Umemfundisha mpaka umemficha."

Akaniambia nikamwandikie siku moja ya mtoto, tangu anapoamka mpaka anapolala. Ukweli mtupu. "Usimsifu," akasema. Nikamwambia marehemu mama yake alinikataza. Akauliza alinikataza nini hasa. Nikamweleza. Akasema, "Alikukataza kumwaibisha. Kumsemea hakukukataza."

Ile siku moja niliiandika siku kumi na moja. Penseli ya seremala, nyuma ya karatasi ya mfuko wa saruji, kwa sababu ndiyo karatasi ninayoijua. Niliandika kwamba kiatu cha kushoto hakivai mpaka nivae changu kwanza. Niliandika kwamba kengele ya shule ikilia anaziba masikio na kwenda kukaa nyuma ya tangi la maji, na hatoki kwa kuitwa. Niliandika kwamba alivunjika kidole asilie, na mimi nikajua siku ya tatu, alipokataa kushika kijiko. Hilo nililiandika mwisho, na sikulisoma tena.

Mheshimiwa Ofisa Elimu, wewe siku ile ulipita, ukaona ule mfuko mezani, ukasema, "Huu si waraka wa ofisi." Nalisema hili kwa heshima. Mama akachukua muhuri, akaugonga, vumbi likaruka. Akasema, "Sasa ni waraka." Naona unacheka, Mheshimiwa. Siku ile hukucheka.

Mtoto akapimwa upya, mpimaji akiwa na ule mfuko mkononi. Mwalimu msaidizi akapatikana. Ni yule dada aliyekaa kando ya binti yangu. Kengele ikikaribia kulia, anamtoa nje kwanza. Kazi yenyewe unaweza kuiona ndogo. Lakini sasa binti yangu ana mwaka mzima hajakaa nyuma ya tangi.

Wazazi wenzangu, Jumatatu watoto kumi na wawili wanapimwa. Najua mnawafundisha. Nimemkuta mmoja hapo nje anahesabishwa vidole. Acheni. Tunamwonea aibu nani? Mpimaji? Mpimaji hatakuwepo kwako asubuhi, mtoto anapokataa kiatu. Pelekeni mtoto kama alivyo. Kumsifu mtamsifu nyumbani, muda upo.

Na wewe dada unayeingia dirisha la tatu, karibu. Ukiletewa karatasi ya mfuko, ikung'ute kwanza, halafu isome. Na mzazi akikwambia mtoto wake hana tatizo, usimrudishe. Bado hajaanza kusema.

Mama, zawadi yako iko kwenye lile boksi, tumechanga wote, ni feni. Lakini kuna kitu kingine.

Jana nilimwambia binti yangu kwamba Mama wa Dirisha la Tatu anaondoka. Leo asubuhi namfunga kiatu, kile cha kushoto, akasema, "Atakaa dirisha gani?"

Ndugu zangu, huyu mtoto amezoea kuulizwa. Hajawahi kumwuliza mtu kitu, hata mimi. Na swali hilo sikumfundisha. Nikamwambia twende, tutamwuliza mwenyewe.

Kwa hiyo mimi nakaa. Nawashukuru wote mliovumilia kunisikiliza. Mikono mnaweza kuinua.

Mama, mjibu mtoto.