Foleni ya Mpemba

Katika Hiace iliyotoka Vwawa kwenda Tunduma, dereva wa malori aitwaye Yassir alimweleza mama aliyeketi kando yake kwamba wanasayansi wataunda mashine ya kurudisha wakati nyuma. Mimi niliyeketi nyuma yao nilifundishwa fizikia shule ya bweni, tena kwa viboko. Mashine hiyo haikuwamo katika mtaala.

"Nitaanza kwa kuifuta foleni ya malori ya siku tatu pale Mpemba, karibu na Tunduma, mwaka juzi," alisema. "Ilinichelewesha, nikakuta mama ameshazikwa. Sisi Waislamu hatucheleweshi maiti, dada."

"Pole sana, kaka," akajibu yule mama, Roda, mkulima wa kahawa, akimfunika binti aliyelala mapajani pake. "Lakini siku zile nilishikwa na uchungu nikiwa peke yangu, na mtoto ametanguliza miguu. Mkunga aliyekuwa akisafiri kwenda Zambia alikwama na basi lake mbele ya mlango wangu. Tafuta foleni nyingine ya kufuta, Tunduma zimejaa!"

"Mama ni mmoja, dada. Ningeifuta."

"Nami naishukuru kila ninapomwamsha huyu."

Gari likasimama. Yassir alitangulia kushuka, kisha akanyoosha mikono yote miwili.

"Nipe mtoto kwanza," alisema, "ushuke taratibu."