Kiti cha Nyevu Kwenye Hanga la Dedan Kambi

Mchungaji wetu, wazee wa kijiji hiki, waheshimiwa mlioko hema la mbele, majirani na jamaa mliotoka mbali, poleni kwa safari na poleni kwa jua. Mimi ni Jedida, binti wa marehemu, nimesimama hapa kwa niaba ya familia, na kabla sijaanza namwomba yule ndugu aliyevaa kofia, kwa heshima zote, asogee kiti kimoja, kwani kile kilicho karibu na mama yetu kina mwenyewe, na mwenyewe bado hajafika.

Historia hii ya maisha yake ninayowasomea marehemu aliisema kwa kinywa chake, akiwa kitandani, na kila tulipojaribu kuipamba alitukatiza. Nilipotaka kuandika kwamba alilitumikia taifa kwa uadilifu, aliniambia niyafute maneno hayo, akasema Mungu hadanganywi na spika za kukodi. Alituomba mambo mawili tu, kwamba isomwe yote bila kurukwa, na kwamba isomwe mama Nyevu akiwa ameketi pale kwa mama, anasikia. Nyevu ni nani mtajua muda si mrefu, na tumeanza bila yeye kwa sababu jua linatuwahi, nasi tunaamini yuko njiani.

Dedan Kambi Chengo alizaliwa tarehe 9 Juni 1957 hapa hapa Vitengeni, mtoto wa kwanza wa mzee Chengo Kambi na mama Mbeyu, wakulima wa mahindi na mihogo. Baba yake, kabla ya uhuru, alishuka mjini kutafuta kibarua, akakamatwa barabarani kwa kosa la uzururaji, maana hakuwa na kipande, kile kitambulisho cha mkoloni, wala mwajiri wa kumtaja, akapelekwa kuvunja mawe, na aliporudi aliapa hatakanyaga mji tena. Mzee huyo alikuwa akisema kwamba mjini maskini huulizwa amekuja kwa nani, na akikosa jina la kutaja basi amekuja kuiba. Marehemu alikulia kwenye maneno hayo, na alituambia tuyasome leo ili ijulikane kwamba hakukosa kwa kutofunzwa.

Mwaka wa 1965 njaa ilipoingia, mama Mbeyu alimchukua mwanawe wakashuka mjini, wakalala penye vibanda vya soko, na siku za Ijumaa wakawa wanakwenda barazani kwa Bi Rayhana, mke wa mfanyabiashara wa Kiislamu, ambaye baada ya sala alikuwa akitoa sadaka ya chai na mkate wa mofa. Nyumba ile ilikuwa na desturi yake, masikini hakusimamishwa foleni, alitandikiwa mkeka akaketishwa kama mgeni, na hakuna aliyeulizwa jina wala dini. Baba alikuwa akila nusu ya mkate na nusu akiificha ndani ya shati, na hata uzeeni, mikate ikiletwa mezani, mkono wake ulikuwa bado na tabia hiyo, sisi watoto tukimcheka.

Njaa ilipopita walirudi, akasoma shule ya msingi hapa Vitengeni hadi darasa la saba mwaka wa 1973, akaingia sekondari, akasoma miaka miwili, korosho zikakosa bei na karo ikakosa wa kuilipa, akarudi nyumbani. Mwaka wa 1976 aliajiriwa kutunza bustani katika hoteli moja ya Bofa, na tarehe 1 Machi 1979 akawa askari wa mji, na msiniulize mji gani, kwa sababu wakubwa wake wa zamani nawaona wamekaa kivulini. Tarehe 18 Agosti 1984 alifunga ndoa na mama yetu Gladys, wakajaliwa watoto wanne, Chengo, Jedida, Mbeyu na Gona, na wajukuu ambao kwa sasa ndio wanaopiga kelele jikoni.

Sasa naomba mnisikilize vizuri. Mwaka wa 1989, wageni wa hoteli walipokaribia kufika kwa sikukuu, amri ilitoka kwamba omba-omba wasionekane barabarani, na askari wakawa wanawakimbiza kila siku, lakini masikini wa mji anavijua vichochoro kuliko aliyevijenga, wakitawanywa huku wanatokea kule. Wakaitwa kikao, na katika kikao hicho baba yetu aliinua mkono, akawaambia wakubwa wake hakuna haja ya kutoka jasho, wasubiri Ijumaa, watawakuta wote barazani kwa Bi Rayhana wamekaa mkekani, vikombe mkononi, na mtu mwenye kikombe cha chai ya moto hakimbii. Akili hiyo haikuwa ya mkubwa yeyote, ilikuwa yake, naye alitaka isemwe hivyo, kwa sababu asiyewahi kula pale asingeijua.

Ijumaa ya tarehe 8 Desemba 1989, baada ya sala, lori liliingia kinyumenyume mpaka usawa wa baraza. Hawakumpiga mtu, walisifiwa baadaye kwa ustaarabu wao. Mwisho wa mkeka alikuwa ameketi mama mmoja kipofu, jina lake Kadzo, mtu wa bara kama sisi, na binti yake Nyevu, msichana mkubwa aliyekuwa akimwongoza, alikuwa ameondoka kidogo kwenda kuteka maji kwenye mfereji wa msikiti. Mama yule alishika ukingo wa mkeka akakataa kunyanyuka bila mwanawe, na hapo baba yetu akachuchumaa, akasema naye Kigiriama, akamwita mayo, kama tunavyowaita mama zetu, akamwambia wanakwenda mahali kuna chakula na binti atakuja nyuma. Mama Kadzo aliposikia lugha ya kwao aliachilia mkeka, akampa mkono, akabebwa akapandishwa, na mkate wake wa mofa ameufunga kwenye ncha ya leso. Akiwa juu ya lori alimshukuru, akamwombea Mulungu ampe watoto watakaombeba kama alivyombeba yeye. Watoto hao ndio sisi, na jeneza hilo tumelibeba sisi.

Lori lilikwenda mpaka Mariakani, likawashusha panapolala malori ya safari, likarudi tupu. Baba hakwenda nalo, alibaki barazani kuhakikisha mkeka umekunjwa, na ndipo Nyevu alipotokea na ndoo yake ya maji, akamwamkia shikamoo, akamuuliza kama amemwona mama yake. Baba alimjibu hakumwona.

Mwezi uliofuata alipandishwa cheo, nyumbani kukapikwa wali wa nazi na kuku, nami nilikula, nakumbuka utamu wake. Ijumaa hizo hizo baraza la Bi Rayhana lilikaa kavu, watu waliogopa, mikate ikawa inakauka, na siku moja bibi yule alimwita baba, hakumgombeza, alimwambia tu kwamba anamkumbuka mtoto mmoja wa njaa ya zamani aliyekuwa akiweka nusu ya mkate ndani ya shati. Bi Rayhana alipofariki mwaka wa 2003 baba alilifuata jeneza kwa mbali, na hakuthubutu kutia bega.

Nyevu hakuondoka mjini. Alikaa karibu na soko, akifua nguo za watu siku za kazi na kuomba siku za kukosa, na kila alipomwona baba akipita na sare alimuuliza swali lile lile, kwa adabu ile ile, na baba alitia mkono mfukoni akampa chochote alichokuwa nacho akapita. Alitueleza mwenyewe kwamba kila alipodaiwa jibu alilipa sadaka. Watu waliona, wakamsifu kuwa ni mtu wa huruma, na kanisani wakamfanya mwenyekiti wa kamati ya wahitaji, kazi aliyoifanya miaka mingi, akigawa unga na maharagwe, na wahitaji akiwapanga foleni iliyonyooka kuliko ya benki.

Kila likizo alikuwa akipotea kwenda Mariakani. Mama yetu, kama mwanamke yeyote mwenye akili timamu, aliamua kuna mtu huko, akawa anajifunga kanga za mafumbo, leo moja kesho nyingine, na baba akizisoma kimya kimya akinywa chai. Kumbe alikuwa akiwauliza madereva na akina mama wauza maziwa. Mmoja wao alimkumbuka kipofu aliyekaa karibu na meza yake, kila akisikia mtu anasema Kigiriama anamuuliza habari za mwanawe Nyevu, mpaka wenye maduka wakalalamika kwamba anafukuza wateja, wakaletwa askari wa huko nao wakamwondoa. Zaidi ya hapo hakupata habari, wala kaburi, na mpaka anafariki hakujua mama Kadzo alimalizia wapi. Mama, kanga zako zilikuwa na haki, mtu alikuwepo.

Alistaafu tarehe 30 Juni 2012, akarudi hapa kulima, na mwaka wa 2023 akaanza kuugua figo, akawa anapelekwa Kilifi kusafishwa damu. Gharama zilipotushinda mlichanga nyinyi mlioketi hapa, wengine mkiuza mbuzi, bila ya kuulizwa mara mbili, na badala ya kufurahi baba aligeukia ukutani akalia. Tulidhani ni maumivu. Alisema ameketishwa tena kwenye mkeka wa watu, na safari hii hakuna lori, na hilo ndilo linalomuuma. Mwezi wa Februari mwaka huu alinituma nikamtafute Nyevu.

Nyevu alikuja, mama mzima sasa, anatembea na fimbo, akaketi kando ya kitanda, akaelezwa yote. Aliuliza mama yake alikuwa ameshika nini, baba akamwambia mkate wa mofa kwenye leso, naye akasema basi siku ile hakulala njaa. Kaka yangu Chengo alitaka kumpa kitu cha nauli na zaidi ya nauli, Nyevu akaurudisha mkono wa kaka polepole, akasema vya mkononi amepewa vya kutosha. Alisema mama yake alichukuliwa mchana mbele ya watu, na yeye anaambiwa chumbani mlango umefungwa, hiyo si sawa, kama kuna la kusemwa lisemwe mbele ya watu, naye akae alisikie. Hakusema amesamehe, na sisi familia hatutalisema kwa niaba yake. Baba alikubali, na tangu siku hiyo hofu yake haikuwa kufa, ilikuwa kwamba tutaona haya, tutafupisha.

Marehemu alifariki Jumanne tarehe 14 Oktoba 2025, hospitalini Kilifi, mama akiwa amemshika mkono. Ameacha mjane, watoto wanne na wajukuu saba.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia bila kuchoka, majirani waliokesha nasi na kupika tangu hanga, yaani matanga haya, lilipowekwa, askari wenzake wa zamani waliokuja ingawa walijua tutasoma nini, na vijana wanaolinda pale langoni tangu asubuhi.

Samahani kidogo, kuna neno naletewa na mdogo wangu Gona.

Waombolezaji, naomba radhi. Naambiwa mama Nyevu amefika tangu saa tatu, amekuja na fimbo yake na mfuko wake wa nailoni, na vijana wa langoni wamemrudisha, wakamwambia chakula cha maskini kitatolewa nyuma, watu wakishazika, akangoje ng'ambo ya barabara, na huko ndiko alikoketi, kwenye kile kibanda kilichofungwa, ambako spika hizi hazifiki. Naomba vijana wasigombezwe. Amri ya kwamba omba-omba wasiingie ilitoka kwetu sisi familia, juzi, tulipoambiwa waheshimiwa watakuja, na aliyeitamka kwa mdomo wake ni mimi. Niliitamka na karatasi hii iko mkobani mwangu, nikaona ni utaratibu tu, nisikumbuke jambo lolote.

Basi ndiyo hayo, damu ya baba haifichiki kwa mwanawe. Nimesoma yote, na ni kama sijasoma, kwa sababu aliyesomewa hakuwepo. Chengo, kaka, njoo tushikane twende tukamwombe, na akikataa kuingia tutaibeba maiti tumfuate huko huko barabarani. Mchungaji, tunakuomba uvumilie, na waheshimiwa wenye safari ndefu wanaweza kutangulia bila lawama, maana akishaketi pale kwa mama nitaanza upya, kuanzia pale alipozaliwa, neno kwa neno. Na wewe baba, lile neno la kupumzika kwa amani, ambalo kila mtu hapa anangoja nilitamke, sitakwambia sasa, tulia kidogo, mwenye kiti aingie kwanza.