Mizani ya Waziri

Tangu matatu itoke Kitale, mzee Kimotho, karani mstaafu, alikuwa akimsifu waziri wa biashara kwa jirani yake wa kiti, Phelista, muuza maharagwe. "Alianza kwa kukusanya ushuru soko la mji wa Kwanza. Leo ni waziri, na amesema mkebe wa gorogoro, huo wa kupimia nafaka, uishe sokoni. Kila kitu kwa mizani!"

"Si mamake waziri alimsomesha kwa kuuza na hiyo gorogoro, mzee? Ukishajaza, unamwongezea mteja kiganja kimoja juu. Mizani haina huo moyo."

"Ati moyo! Biashara ni kipimo, mama."



Gari liliposimama Kamukuywa, Kimotho akaagiza maharagwe dirishani. Muuzaji wa pale kituoni akapima kilo mbili kamili kwa mizani, akafunga mfuko. Kimotho akautazama, akamrudishia.

"Na kiganja cha juu, mama?"