Ludvik Zadnik, Mlinzi wa Kituo cha Pili

Padre, mama, ndugu na majirani mliokuja katika baridi hii, mimi ni Bernadine, binti wa marehemu, nimeombwa na familia niwasomee maisha ya baba, nami nitayasoma kama yalivyokuwa, kwa sababu wengi wenu mlikunywa naye meza moja na mngenicheka nikiyapamba.

Ludvik Zadnik alizaliwa tarehe 14 Machi 1924 hapa hapa Karlin, Minnesota, mtoto wa tano wa Jakob, mchimba chuma, na Ivana, wote wawili wahamiaji kutoka Slovenia. Alisoma shule ya parokia, kisha sekondari ya mji, akaiacha mwaka 1941 baada ya babu Jakob kuangukiwa na mwamba mgodini. Besiboli aliianzia kwenye uwanja ulio nyuma ya mgodi, ambako mpira ukigusa mawe hujirukia unakotaka, na waliomwona wanasema mikono yake iliudaka kabla macho hayajauona. Mwaka 1942 alisajiliwa na timu ya ligi ndogo huko Duluth, jeshi likamchukua hadi vita vilipokwisha, na tarehe 20 Aprili 1948 akaitwa ligi kuu kulinda kituo cha pili, kimoja kati ya vinne wanavyovikimbilia wapigaji, kazi aliyoifanya kwa misimu mitano, akijua kila mwaka kwamba gongo lake la kupigia mpira ni dhaifu na kwamba wanatafuta wa kumrithi.

Alifunga ndoa na mama yetu, Agnes Perko, tarehe 12 Novemba 1949, katika kanisa hili, wakajaliwa watoto wawili, kaka yangu Raymond, aliyezaliwa 1950, na mimi, 1953.

Machi 1952, kambini Florida, aliletwa kijana aitwaye Delbert Inman, mtoto wa mkulima wa Arkansas, mwepesi wa miguu, na gongo analijua, kocha akamwambia baba, ambaye huko walimwita Louie, "Louie, mfundishe huyu dogo kila kitu." Baba akamfundisha kila kitu isipokuwa kimoja, kwamba ukishaudaka mpira na kukanyaga kituo uondoe mguu upesi, maana mkimbiaji anakuja akiteleza, njumu mbele, wala hana nia ya kukupisha. Delbert alimwita kaka, wakala pamoja, wakalala chumba kimoja. Tarehe 18 Mei kocha akampanga Delbert, mkimbiaji akamkuta amesimama palepale alipofundishwa kusimama, na goti lilipovunjika mlio wake ukasikika hadi benchi. Hayo sikuyasikia kwa watu, alitusimulia baba mwenyewe, mezani, Jumapili, huku akicheka, "Mimi sikumgusa. Nilikuwa benchi, nakula karanga."

Delbert hakucheza tena. Mwaka uliofuata klabu ikaleta kijana mwingine, wala haikumwomba baba amfundishe, ikamwambia afungashe vitu vyake, naye akarudi Karlin, akafanya kazi kwenye mtambo wa kusaga mawe hadi 1974. Huko wenzake hawakumhurumia. "Bwana ligi kuu," walikuwa wakimwambia, "hebu tudakie na hili jiwe." Dhihaka hiyo akaja nayo nyumbani, na aliyeipokea ni Raymond. Kila jioni ya kiangazi alimsimamisha uani na kumpigia mipira ya usoni, akimwambia asifumbe macho, hadi siku mpira ulipomng'oa meno mawili, mtoto wa miaka kumi, baba akamwambia ateme damu waendelee.

Mama alitoka jikoni. "Ludvik, basi."

"Rudi ndani, Agnes. Nakutengenezea mwanamume."

Mama akarudi ndani. Raymond aliondoka akiwa na miaka kumi na saba, sasa anaishi Oregon, na jana aliniambia kwenye simu, "Wewe soma vizuri, mdogo wangu. Mimi siji."

Maradhi ya kutetemeka yalimwanza mwaka 1975, mkono wa kulia kwanza, kisha yote miwili, kisha sauti, hata mama akawa anamlisha supu kwa kijiko. Oktoba 1977 alikuja mgeni anayetembelea fimbo, akavua kofia, akajitaja kuwa ni Delbert Inman, akaketi kando ya kitanda.

"Sikuja kugombana, Louie," alisema. "Nataka kujua tu. Ulisahau kunifundisha, au ulijua?"

Baba alihangaika na mdomo wake, akanong'ona, "Ungenipita."

"Hilo nililijua," Delbert alisema. Akakaa kidogo akitazama ile mikono inavyoruka juu ya blanketi, kisha akamshukuru mama kwa kahawa, akaenda zake.

Baba alifariki tarehe 9 Januari 1979, mchana, katika hospitali ya kaunti, akiwa peke yake, kwa kuwa mama alikuwa ameshuka kwenda kula, na mama mwenyewe amesema nisilifiche hilo.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani waliotuondolea theluji mlangoni, na wafanyakazi wenzake wa mtamboni watakaobeba jeneza leo, na watakaolibeba tena mwezi Mei, ardhi hii iliyoganda itakapokubali kuchimbika. Klabu yake niliipigia simu, kijana wa ofisini akaniomba nimtajie jina herufi kwa herufi, mara mbili, kisha akasema pole.

Pumzika kwa amani, baba, nasi utuache tupumzike.